Bwana Yangu Aliongea Mrefu

Mwezi uliopita tulimzika Wakili Thumbi. Nasema "tulimzika" ingawa mimi nilikaa nyuma kabisa, chini ya hema la mwisho, na wengi waliokuwa mbele hawakujua kile kikongwe chenye mtandio mweusi ni nani wala kimetoka wapi. Mvua ya Nyeri ilikuwa inanyesha, ile nyembamba isiyo na haraka. Mpwa wake alisimama akasoma historia ya marehemu kutoka kwenye kijitabu chenye picha: alikozaliwa, alikosoma, alivyokwenda ng'ambo kusomea sheria, alivyorudi akafungua ofisi, na jinsi alivyokuja kuwa mbunge wetu baada ya miaka mingi. Nilikuwa nafuata kwa kidole, mstari kwa mstari, kama nilivyofundishwa madrasa. Nilipofika kwenye ile miaka ya mwanzo ya Uhuru nikaona wameruka mwaka mmoja mzima. Na hapo juu zaidi, kabla ya safari ya ng'ambo, walikuwa wameandika maneno mawili tu: "alikuwa serikalini." Watu wakaitikia amina. Mimi sikuitikia. Sikuwa na ubaya na mtu, ila mwaka ule niliuishi, tena niliuishi nikiwa nimeketi hatua nne kutoka mezani kwake, na marehemu mwenyewe hakuuficha. Aliusema hadharani, mchana, watu wamejaa. Sioni kwa nini sisi tuliobaki tumfichie.

Nilikuwa na miaka kumi na tisa. Nilikuwa nimejifunza kupiga taipureta kwa masista wa misheni, na huko Majengo kwetu, mtaa wa Waislamu waliohamia mjini, watu walikuwa wameshachoka kuniuliza nitaolewa lini. Ofisi ya Wakili ilikuwa ghorofani, juu ya duka la vitambaa la Mhindi, na ngazi zake zilinukia kaniki mpya na dawa ya nondo. Kulikuwa na vyumba viwili. Cha mbele kilikuwa changu: meza, taipureta, kabati la faili, na benchi refu la wateja lililoegemezwa ukutani chini ya dirisha. Cha ndani kilikuwa chake. Kati yetu palikuwa na ukuta wa mbao tu, mwembamba kiasi kwamba alipogeuza ukurasa nilisikia. Hakuna alilosema kwenye simu au kwa mteja ambalo sikulisikia, naye alijua. Siku ya kwanza aliniambia, "Rukia, hapa masikio yako ni mali ya ofisi. Ukitoka saa kumi unayaacha hapa." Nikasema sawa. Nilidhani ni jambo rahisi.

Alikuwa mtu wa miaka thelathini na kitu, mrefu, mwenye suti moja ya kijivu aliyoitunza kama mtu anavyotunza ng'ombe wa maziwa. Sauti yake ndiyo watu waliyoikumbuka. Ilikuwa nzito na tulivu, na kila alipomaliza sentensi aliishusha polepole, kama anayetua mzigo asitake ugonge sakafu. Alikuwa na adabu ya kipekee. Mwezi wa Ramadhani alifunga mlango wake saa saba na kula chapati zake na maharagwe kimyakimya nisimwone, na harufu ya maharagwe ilipopenya kwenye mbao alikuwa akikohoa kwa aibu. Siku nyingine zote tulikula pamoja, yeye ndani, mimi nje, mlango wazi, tukiletewa chai ya maziwa na githeri, mahindi na maharagwe ya kuchemsha, kutoka hoteli ya chini. Githeri ya kule ilikuwa na mahindi magumu, na tulikuwa tunacheka jinsi sote wawili tunavyotafuna bila kuweza kuzungumza.

Kisha kiti cha ubunge kikawa wazi, na kicheko kikaisha. Asubuhi moja wazee wanne walipanda ngazi wakiongozwa na Mzee Ngunjiri, mwenye malori ya mbao huko Karatina, mtu mnene wa sauti ndogo aliyependa kusimama karibu sana na mtu aliyekuwa akimsemesha. Walikaa ndani saa nzima. Nilisikia Mzee Ngunjiri akisema kwamba watu wamechoka na wanasiasa wa maneno, wanataka mtu aliyesoma, mtu ambaye mikono yake ni safi. "Wakati wa vita," alisema, "wewe ulikuwa shule. Hakuna mtu anaweza kukunyoshea kidole." Nilingoja Wakili ajibu. Akasema, "Nitafikiria." Jioni yake alikubali.

Kwa wasiojua hali ya kwetu wakati ule, niseme hivi. Vita vya Dharura, vile vya watu wa msituni na serikali ya Wazungu, vilikuwa vimeisha, Uhuru umekuja, bendera imepandishwa, lakini katika kila kijiji kati ya Karatina na Naro Moru watu waliokuwa msituni, watu waliokuwa kizuizini, na watu waliobeba bunduki za serikali walikuwa wanachota maji kwenye mto mmoja. Walisalimiana. Walikaa benchi moja kanisani. Lakini swali la nani alikuwa wapi halikufa, lilikuwa limelala tu, na siasa ndiyo iliyokuwa ikiliamsha. Mpinzani wa Wakili alikuwa mtu aliyefungwa kizuizini miaka sita, na kwenye mikutano yake alikunja mikono ya shati watu waone makovu. Wakili hakuwa na kovu la kuonyesha. Alikuwa na shule yake na mikono yake safi. Kila mkutano ulipokaribia, alikuwa haishi kunawa uso, na karatasi za hotuba nilizompigia chapa zilikuwa zinarudi zimelowa jasho la vidole.

Gathoni alikuja siku ya soko, ofisi ikiwa imejaa. Alikuwa mama wa makamo, mwembamba, miguu ina vumbi la njia ya Tumutumu, amefunga kitambaa kichwani na kubeba kikapu kitupu cha kiondo. Nilimwandikia jina na shida yake. Alikuwa mjane. Bwana yake, Kamunya, alinyongwa wakati wa Dharura. Ardhi ilipopimwa na kuandikishwa upya, yeye akiwa amefungiwa kwenye kijiji cha dharura na watoto, shamba lote liliandikwa kwa jina la shemeji yake. Sasa shemeji amemwambia ahame. Kesi kama hizo zilikuwa nyingi. Nilikuwa nimeshazipiga chapa hadi vidole vilijua njia. Nikamwambia angoje kwenye benchi, naye akakaa, kiondo mapajani.

Ndani Wakili alikuwa kwenye simu, anazungumza Kikuyu na mtu wa Othaya kuhusu mkutano. Niliona mikono ya Gathoni ikikaza kiondo. Akainua kichwa polepole. Hakutazama mlango, alitazama ukuta wa mbao, mahali hasa sauti ilipotoka. Wateja wengine walikuwa wanaongea mambo yao. Akasimama, akaja mezani kwangu, akainama.

"Msichana yangu," alisema kwa Kiswahili, ingawa alijua naelewa Kikuyu, "huyo mtu anaongea huko ndani ni nani?"

"Ni Wakili mwenyewe, mama."

"Alikuwa anafanya kazi gani, ile wakati ya Dharura?"

"Alikuwa shuleni," nikasema. Ndivyo nilivyosikia.

Akatikisa kichwa. "Hapana. Alikuwa kortini. Hapa Nyeri. Alikuwa anasimama katikati ya jaji na watu. Uso nimesahau, kwa sababu nilikuwa nyuma karibu na mlango. Lakini sauti sijasahau." Alikuwa anaongea polepole sana, kila neno analiweka mahali pake. "Jaji aliuliza bwana yangu kama ako na kitu ya kusema. Bwana yangu aliongea mrefu. Aliongea mpaka jaji akaangalia saa. Huyu akageuka, akaambia jaji kwa Kiingereza. Akasema fupi. Fupi kabisa. Halafu jaji akasoma ile hukumu." Akatupa kiondo begani. "Mimi sijui Kiingereza. Lakini najua mrefu na najua fupi. Muulize aliacha nini."

Hakungoja. Alishuka ngazi na kiondo chake, na nikabaki nimeshika kalamu. Sijui kama nimewahi kubeba kitu kizito kuliko swali lile. Nilifikiri nisiliseme. Nilifikiri labda mama yule amekosea, sauti hufanana. Lakini wateja walipokwisha niliingia ndani nikamwambia Wakili kila kitu, nikiwa nimesimama, nikitazama kalenda iliyokuwa ukutani nyuma yake. Nilipomaliza aliuliza jambo moja tu: "Alitaja jina la bwana yake?" Nikasema Kamunya. Akakaa chini. Akaniambia niende nyumbani mapema.

Baada ya siku mbili Mzee Ngunjiri akaja peke yake. Mlango ulifungwa na wakasemezana kwa sauti za chini, lakini mbao ni mbao. Nilisikia Wakili akisema, "Ni kweli. Nilikuwa mkalimani. Barua ya jaji ndiyo iliyonipatia nafasi ya kwenda kusoma." Nilisikia kiti cha Mzee kikilia. Kisha sauti yake ndogo: "Nani anajua?" Kisha: "Mjane mmoja si kitu. Anataka shamba, apewe shamba. Shemeji yake namjua, ananunua mbao kwangu. Wewe usiseme neno. Usiguse hii kitu hata kidogo." Nilingoja nimsikie Wakili akikataa. Sikusikia kitu.

Alhamisi iliyofuata, asubuhi, Wakili alipita mezani kwangu bila kunitazama. "Rukia, Mzee atakuja. Fanya kama atakavyokuambia." Akaingia ndani, akafunga mlango. Nikajua anataka awepo na asiwepo. Mzee Ngunjiri alifika na karatasi iliyoandikwa kwa mkono, akaniwekea nipige chapa nakala tatu. Nilipiga. Sehemu ya kwanza ilisema shemeji anamwachia Gathoni robo ya shamba, ile ya juu penye nyumba. Sehemu ya pili ilisema kwamba yeye Gathoni anaapa hajawahi kumwona Wakili Thumbi katika korti yoyote kabla ya mwaka huu, na kwamba hatazungumza na mtu yeyote tena kuhusu kesi ya marehemu mumewe. Kaboni ilichafua vidole vyangu. Nilikosea mara mbili nikaanza upya.

"Sasa sikiliza," Mzee akasema, amesimama karibu hadi nikanusa ugoro wake. "Huyo mama hajui kusoma. Wewe utamsomea. Hiyo ya kwanza msomee vizuri. Hiyo ingine ni maneno ya sheria tu, mwambie ni ya shamba, atie kidole. Usirefushe." Niliendelea kupanga nakala. Akaongeza, bila kupandisha sauti, "Nyinyi watu wa Majengo mmekaa hapa na amani. Hakuna mtu amewauliza mlitoka wapi. Ama niko na makosa?"

"Hapana, Mzee," nikasema. Nilimfikiria bibi yangu, kibanda chake cha maandazi nyuma ya msikiti, na jinsi ilivyo rahisi kibanda kuvunjwa.

Gathoni akaja. Safari hii alikuwa amevaa viatu. Alikaa kwenye benchi, Mzee amesimama dirishani akijifanya anaangalia barabara, mlango wa ndani umefungwa. Nilichukua karatasi. Nilisoma sehemu ya kwanza, polepole, kwa Kikuyu, naye akaitikia kwa kichwa. Nikafika chini yake. Nakumbuka nuru ya dirishani ikiwa juu ya karatasi, na herufi moja ya taipureta ile iliyokuwa na kasoro, imeruka juu kidogo katika kila neno. Kwa muda huo mdogo nilielewa jinsi jambo linavyotendeka. Nilikuwa nikidhani mtu hutenda uovu akiwa ameamua kuwa mwovu. Kumbe mtu husimama tu katikati ya watu wawili, mmoja ana nguvu na mwingine hana, wote wanamngoja, na kufupisha ni rahisi kuliko chochote duniani. Nikasoma sehemu ya pili. Niliisoma yote, neno kwa neno, hadi mwisho, na nilipofika kwenye jina la Wakili nililisema kwa sauti.

Mzee Ngunjiri aligeuka kutoka dirishani. Gathoni hakumtazama. Alinitazama mimi, kisha ukuta wa mbao.

"Kwa hivyo ni yeye," akasema.

Mzee alianza kusema kitu kuhusu mimi, kwamba mtoto huyu hajui kusoma sheria. Hapo mlango wa ndani ukafunguka. Wakili alikuwa amevua koti. Sijui alikuwa ameketi vipi humo ndani, lakini shati lake lilikuwa limelowa kama aliyetoka mvuani. Alisimama mlangoni, hakutoka nje wala hakurudi ndani.

"Muulize," Gathoni akaniambia kwa Kiswahili. Siku ile yote alikataa kusema Kikuyu naye. Walikuwa hatua tatu mbali, wa lugha moja, na alitaka kila neno lipitie kwangu. "Muulize aliacha nini."

"Wakili," nikasema, nikimgeukia. "Wakili, mama anauliza uliacha nini."

"Mwambie nilikuwa na miaka ishirini na mbili," akasema. "Mwambie siku hiyo kulikuwa na kesi nyingi, na jaji alikuwa ameniambia asubuhi: nipe majibu, usinipe hadithi. Mwambie... La. Usimwambie hayo. Hakuuliza hayo. Mwambie jaji aliuliza kama mshtakiwa ana la kusema, nami nikajibu kwamba hana."

Nikamwambia. Gathoni alifumba macho, akafumbua. "Na alisema nini?"

Wakili akashika fremu ya mlango. Alianza kwa Kiswahili akaacha. Kisha akasema kwa Kikuyu, akimwangalia yeye, na safari hii hakuna aliyenihitaji. Alisema maneno yale kwa sauti ambayo haikuwa yake, sauti ya haraka ya mtu anayejua hana muda. Yalikuwa haya, kama ninavyoweza kuyaweka: Mimi Kamunya sina shida na kufa. Lakini andikeni hapa, kwa sababu hii ni nyumba ya kuandika. Kile kipande cha chini, karibu na mto, kutoka mti wa mugumo mpaka kwenye jiwe la kunolea, si cha baba yangu. Nilikinunua mimi kwa Mzee Ndirangu, kwa mbuzi na fahali mwekundu mwenye pembe moja, na watu walishuhudia. Ndugu yangu asikiguse. Ni cha Gathoni. Yeye ndiye aliyemlea huyo fahali.

Chini dukani fundi alikuwa anaendesha cherehani. Gathoni alikuwa ameweka kiganja mdomoni. Haikuwa kilio. Ilikuwa kama mtu anayezuia kitu kisitoke kabla hajakiangalia vizuri.

"Pembe moja," akasema mwishowe. "Ile ingine ilivunjika kwa ua yetu." Kisha akaushusha mkono na kwa mara ya kwanza akazungumza na Wakili moja kwa moja. "Hayo maneno, utasema mbele ya hakimu?"

"Ukisema hayo," Mzee Ngunjiri akadakia, "hakuna uchaguzi. Unasikia? Wiki mbili zimebaki. Utakuwa umejichimbia shimo wewe mwenyewe, na sisi wote na wewe."

"Nimesikia, Mzee," Wakili akasema. Halafu akamwambia Gathoni: "Nitasema."

Mzee alichukua zile nakala tatu mezani kwangu, akazikunja ndogo, akazitia mfukoni. Alishuka ngazi akiacha kofia yake kwenye benchi, na hakurudi kuichukua.

Wakili hangeweza kuwa shahidi na wakili wa kesi ileile, kwa hiyo aliikabidhi kwa wakili mwingine wa mjini. Tarehe ikaja siku tano kabla ya kura. Sijawahi kuona mahakama ile imejaa vile. Watu walikuwa wametoka Karatina na hadi Kenol; wengine walisimama kwenye bustani wakichungulia madirishani. Alipanda kizimbani na suti yake ya kijivu, akaapa, akaeleza alikuwa nani wakati wa Dharura na alifanya kazi gani. Minong'ono ilianza hapo, kama nyuki. Hakimu akagonga meza. Wakili akasimulia maneno ya Kamunya yote, hata lile la jiwe la kunolea, na alipoulizwa na wakili wa upande wa pili kwa nini tuamini kumbukumbu ya miaka yote hiyo, alijibu, "Kwa sababu sikuyasema. Mtu husahau alichosema."

"Na ulinyamaza kwa nini miaka yote?"

"Niliogopa. Kisha nikapata kazi nzuri. Kisha ikawa vizuri zaidi kutokumbuka."

Mtu nyuma yangu alitema mate sakafuni. Mwingine akapaza sauti, "Na bado unataka kura?" Askari walimtoa nje. Nilimtafuta Gathoni kwa macho. Alikuwa ameketi mbele, mgongo umenyooka, na uso wake sikuweza kuusoma.

Wiki ile tuliishi kama watu waliofungiwa. Jiwe lilivunja dirisha la chumba changu, vioo vikatapakaa juu ya taipureta. Mhindi wa duka alikuja juu na uso wa huzuni, akatuomba tutafute mahali pengine, kisha siku ya pili akaja kusema tubaki kwanza. Hakuna mteja aliyepanda ngazi. Bibi yangu alinikataza kwenda kazini, nikaenda. Sikuweza kumweleza kwa nini. Wakili alikuja kila asubuhi, akasoma magazeti, akala githeri yake. Alifanya mkutano mmoja tu wa mwisho, sokoni Karatina, na watu walimgeuzia migongo, wote kwa pamoja, wauza viazi na wauza kabichi, bila kelele. Kelele angeivumilia. Alimaliza hotuba yake akizungumza na migongo.

Siku ya kura alishindwa vibaya. Mzee Ngunjiri alikuwa ameshahamia upande wa mpinzani na alionekana akibeba watu kwa malori yake.

Hukumu ya shamba ilitoka baadaye. Shemeji alikuwa amejaribu kukana habari za fahali, lakini mtoto wa Mzee Ndirangu aliitwa akamkumbuka, pembe na yote. Gathoni alipewa kipande cha mtoni. Cha juu, penye nyumba, kilibaki kwa shemeji, na ilimbidi ajenge upya. Tulikutana kwenye veranda ya mahakama, yeye amekunja ile karatasi na kuitia ndani ya kitambaa kifuani. Nikampongeza. Akanishika mkono kwa muda mrefu.

"Mwambie Wakili nimepata shamba," akasema. "Na mwambie kura sikumpa."

Nilipofika ofisini nilimwambia yote mawili. Alikuwa amesimama penye dirisha lililozibwa kwa kadibodi. Alisikiliza, akaitikia kwa kichwa taratibu kama mtu aliyepewa bei ya haki. "Angenipa ningeshangaa," akasema.

Watu huniuliza kama alisamehewa. Sijui. Gathoni hakukanyaga tena ofisini, na nilisikia kwamba walipokutana njiani alimsalimia kama unavyomsalimia mtu yeyote. Nakumbuka tu kilichotokea mwezi uliofuata, ambacho hakuna aliyekitarajia. Asubuhi moja nilifika nikakuta mzee mmoja ameketi kwenye ngazi. Nikamuuliza ana kesi gani. Akasema hana kesi. Nikamkalisha kwenye benchi. Kabla ya saa nne akaja mama mmoja na binti yake, kisha wanaume wawili kutoka Naro Moru waliovaa makoti ya mvua. Niliwauliza mmoja mmoja, na wote walisema hawana kesi. Nikaingia ndani kumwambia Wakili kwamba kuna watu watano nje na hakuna hata mmoja mwenye shauri. Alinitazama, akaweka kalamu chini, akatoka mwenyewe.

Yule mzee wa kwanza alisimama, akavua kofia. Alikuwa mzee sana.

"Kijana yangu anaitwa Wachira," akasema. "Alipitia kwa hiyo korti. Mimi nilikuwa kizuizini, sikumwona tena. Nilisikia wewe unakumbuka."

Wakili alivuta kiti changu akakaa mbele ya benchi, magoti yake karibu yaguse ya mzee, akafumba macho. Niliacha kupiga chapa. Ilichukua muda mrefu, na niliogopa angesema hamkumbuki, kama ambavyo baadaye ilimbidi awaambie wengi waliokalia benchi lile, akiwaomba radhi. Kisha akasema, macho bado yamefumbwa:

"Mfupi. Alikuwa na koti la kahawia, limemzidi mikono. Alikuwa amelikunja hivi."

"Ni langu," mzee akasema. "Nilimpa mimi."